Sheria ya Debe

Halfani alimaliza uji wote, akafuta ndevu kwa kiganja, ndipo akasema lile lililompandisha baiskeli tangu alfajiri kutoka Nandagala mpaka Naipingo.

"Ijumaa ya wiki ijayo nakuja kumchukua ntoto."

Mwamina, dada yake, alikuwa anapepeta ufuta. Ungo ulisimama mikononi mwake. Mumewe Lukumani alimtazama shemeji yake, akamtazama mkewe, kisha akatazama vidole vya miguu yake mwenyewe. Mama yake Lukumani, Bi Biasha, ambaye kwa kawaida husikia anapotaka, siku hiyo alisikia mara ya kwanza.

"Kumchukua kumpeleka wapi?"

"Nyumbani, mama. Kwa mke wangu Mwanamvua. Akae na watu wanaosema lugha moja mpaka ulimi wake ufunguke. Hapa mmemvuruga."

Mtoto mwenyewe, Mwanawetu, alikuwa amechuchumaa penye kuku akiwahutubia. Miezi miwili tu imebaki atimize miaka mitatu, na hotuba aliyokuwa anaitoa haikuwa na neno hata moja ndani yake. Palikuwa na kupanda na kushuka, palikuwa na swali na jibu lake, palikuwa na kuguna kidogo katikati, kicheko, kisha mwisho ulioonyesha wazi kwamba sasa amemaliza na kuku wanaruhusiwa kuondoka. Maneno ndiyo yaliyokosekana.

"Mnamsikia?" Halfani alisema. "Miaka mitatu hii! Sokoni Ruangwa wananiuliza, eti dada yako kazaa bubu huko kwa Wamakonde? Naondoka na ufuta wangu sijauza, kwa aibu."

"Si bubu," Mwamina alisema.

"Basi aseme. Ijumaa nikifika, akinipa neno moja tu la binadamu, namwacha. Asiponipa, nifungie nguo zake."

Hakuna aliyepandisha sauti. Kwa Wamwera mtoto ni wa upande wa mama, na mjomba akisema amesema. Kwa Wamakonde ni hivyo hivyo, na kwa Wayao ni hivyo hivyo. Ndilo jambo pekee ambalo nyumba ile haikuwahi kulibishania. Wala Halfani hakuwa mtu mbaya. Kabla ya kuondoka alimvunjia mtoto kipande cha muwa, akakimenya mwenyewe kwa meno, akampa. Mwanawetu akamshukuru kwa maelezo marefu yasiyo na neno.

*

Nyumba yenyewe ilikuwa na vyumba viwili na lugha tatu. Mwamina alikuja na Kimwera chake kutoka Likunja, walikozaliwa yeye na kaka yake. Lukumani alirithi Kimakonde kwa marehemu baba yake na hakukubali kukiacha, hasa akikasirika. Bi Biasha alikuwa Myao, na kwa miaka arobaini alikuwa akisubiri dunia nzima ijifunze Kiyao ili aache kuhangaika. Kila mtu alimsemesha mtoto kwa lugha ya kwao, na wao kwa wao walielewana kwa mazoea, kwa Kiswahili cha kuokoteza, na kwa kunyoosheana vidole.

Na uani kulikuwa na lugha ya nne. Ua uliotenganisha nyumba yao na ya jirani uliliwa na mchwa mwaka wa arobaini na nane, na huu ulikuwa mwaka wa hamsini, bado wanabishana nani aujenge. Jirani huyo aliitwa Eustakio, fundi cherehani, Mmakua wa Masasi aliyefuata vibarua waliomiminika Nachingwea kwenye mashamba ya karanga ya Wazungu. Aliwashonea kaptula, akawatia viraka, akawashauri bila kuombwa. Alikuwa na mkewe Serafina, ambaye alikuwa hamshauri mtu.

"Mimi nimesikia yote," Eustakio alisema mara tu baiskeli ya Halfani ilipopotea njiani. Alikuwa na pini nne mdomoni, lakini pini hazikuwahi kumzuia. "Na shemeji yako hana kosa. Ntoto anasikia makelele ya namna nne, atashika ipi? Chagueni lugha moja. Wiki nzima, moja tu. Atafunguka."

"Ndiyo," Bi Biasha alisema. "Kiyao."

"Kwa nini Kiyao, mama?" Lukumani aliruka. "Baba wa ntoto ni nani hapa?"

"Na aliyemzaa ni nani?" Mwamina aliuliza.

Wakabishana mpaka uji wa jioni ukaungua. Bi Biasha alisema Kiyao ndicho kilichofika pwani kwa miguu wakati wengine wamejificha porini. Lukumani alisema hata kuku wa nyumba ile wanaelewa Kimakonde, akawaita kuthibitisha, na kuku hawakuja. Mwisho Eustakio akatema pini kiganjani.

"Kiswahili," alisema.

"Kiswahili cha nani?" Bi Biasha alishangaa. "Humu nani anakijua?"

"Ndiyo sababu, mama. Hakuna anayekijua vizuri, basi hakuna atakayemringia mwenzake."

Sheria ikatungwa hapo hapo, na Eustakio akajiteua hakimu kwa vile cherehani yake ilikaa barazani na aliona uani kote. Atakayetamka neno la kwao, atakwenda kisimani kuteka debe moja la maji. Kutamka vibaya si kosa. Kama mtu anasema "kalibu" na "habali" kama Bi Biasha, aachwe. Kosa ni kusema kikwenu. Bi Biasha ni mzee, faini zake atateka mwanawe.

"Mimi?" Lukumani aliuliza.

"Una mama mwingine?" Bi Biasha alisema.

Kisima kilikuwa bondeni, na ilikuwa kiangazi. Robo saa kushuka, nusu saa kupanda. Debe lenyewe, la mafuta ya taa, lililotobolewa na kutiwa mti wa kushikia, liliwekwa uani katikati, mahali ambapo kila mtu angeliona na kuliogopa. Mwanawetu alilizunguka mara mbili, akaketi pembeni yake, akawa kama amepewa kazi ya kulilinda.

*

Jumamosi asubuhi Lukumani aligonga kidole cha mguu kwenye kinu, akakitukana kinu kwa Kimakonde safi.

"Debe!" Eustakio alipaza sauti kutoka barazani.

"Lakini nimeumia!"

"Debe!" alisema Bi Biasha kwa furaha, akageuka kumsimulia Serafina jinsi mwanawe tangu utotoni asivyoangalia anapokanyaga, na alimsimulia kwa Kiyao.

"Debe!" walisema Eustakio, Lukumani na Serafina kwa pamoja.

Lukumani akacheka, kisha akakumbuka nani atakayeliteka.

Basi Lukumani, mwanamume mwenye ndevu, kibarua wa kung'oa visiki, akashuka kisimani na debe kichwani, kata ya majani chini yake imemkaa upande. Wanawake waliokuwa wanateka waligeuka wote. Kisha mmoja, Mwanaima wa nyumba ya chini, akampigia kigelegele.

"Mkeo kajifungua, shemeji?"

"Hapana."

"Mgonjwa?"

"Nzima."

"Basi ni wewe unaumwa," Mwanaima alisema, na kisima chote kikaangua kicheko. Safari ya pili walimwekea nafasi mbele kama mgeni. Ya tatu walimfundisha kusuka kata isiyoteleza. Ya nne wakamwita mwenzetu.

Tatizo kubwa lilikuwa Bi Biasha. Akisema kwa utulivu, Kiswahili chake kilitosha. Lakini mama yule hakuwa mtu wa utulivu, na lugha ya sokoni haikumpa silaha. Jumapili alimkuta Lukumani amekaa juu ya mkeka wake wa kusalia na miguu michafu. Alivuta pumzi, akanyoosha kidole, akafungua mdomo, hakikutoka kitu. Maneno yote aliyoyahitaji yalikuwa ya Kiyao.

"Wewe," alianza. "Wewe ni... ni kijana... ambaye si nzuli sana!"

Lukumani alianguka ubavu kwa kicheko. Serafina alishika tumbo. Bi Biasha mwenyewe alijaribu kununa, akashindwa, akacheka mpaka akafuta machozi kwa ncha ya kaniki. Kwa mara ya kwanza tangu aolewe, Mwamina alimwona mkwewe akikosa la kusema, na jambo hilo lilimfurahisha kuliko alivyopenda kukiri.

Likaja suala la dua. Alasiri ile ile, Bi Biasha alipoanza kunong'ona "Bismillahi", Eustakio aliinua kichwa kwenye cherehani.

"Hicho si Kiswahili."

"Hicho ni cha Mungu!" Lukumani alimkaripia. "Unataka Mungu ateke maji?"

Hakimu akakuna kichwa. Yeye mwenyewe husali Kilatini misheni bila kujua anamwambia Mungu nini. Akatangaza kwamba lugha ya sala imesamehewa, ya kwao na ya kwake, na tangu hapo kila Bi Biasha alipoomba dua watu walitazama debe na kunyamaza kwa adabu. Mwanawetu naye alinyamaza, akiwatazama mmoja mmoja.

Kufikia Jumatatu mitungi yote ilijaa. Jumanne wakajaza sufuria. Jumatano hakukuwa na chombo cha kutia maji tena, wakaanza kumwagilia mpapai wa Eustakio, wakaoga mara mbili kwa siku, wakafua hata vilivyofuliwa. Mbuzi alikunywa akakataa. Majirani waliopita waliona tope uani katikati ya kiangazi, wakauliza kama mvua imenyesha kwa nyumba moja. Na kila baada ya muda mfupi mtu alisahau, watu wote wakapiga kelele "Debe!" kwa sauti moja, na Mwanawetu akapiga makofi na kuruka.

Lakini hakusema. Aliendelea kuwahutubia kuku. Asubuhi ya Jumatano Serafina, ambaye huwa hashauri mtu, aliacha kumenya mihogo akamsikiliza kwa muda.

"Hotuba zimebadilika," alisema. "Zamani akikaa na bibi yake zilikwenda Kiyao. Akikaa na baba yake, zinadunda kama Kimakonde. Sikujua anasema nini, lakini nilijua anasema na nani. Sasa zote zinakwenda kama Eustakio anapopatana bei."

"Nyimbo anazo," Bi Biasha alisema. "Maneno hana."

"Ijumaa hawataki nyimbo," Lukumani alijibu, na kicheko cha wiki nzima kikaishia hapo.

*

Mchana wa siku hiyo Lukumani alimkuta mkewe akipepeta ufuta peke yake nyuma ya nyumba. Aliketi karibu yake. Shingo ilimuuma kwa debe la tatu la siku hiyo.

"Mama Mwanawetu, nataka kukuuliza. Mimi nimeteka madebe kumi na tisa. Mama kanitekesha kumi na mawili kati ya hayo. Hata hakimu kateka manne. Wewe hujateka hata moja."

"Sijakosea."

"Ntu hawezi kukaa siku tano asikosee."

"Anaweza akinyamaza."

Lukumani akakumbuka. Kweli, tangu Jumamosi hajamsikia akiimba juu ya ungo. Hajamsikia akimbembeleza mtoto, wala akimfokea. Alifanya kazi, akapika, akacheka wengine walipocheka. Katika kelele zile zote hakuna aliyegundua kwamba sauti moja imepungua.

"Kwa nini?"

Mwamina aliweka ungo chini. "Kiswahili changu ni cha sokoni. Najua kusema bei gani, na punguza, na niongezee kidogo. Nimwambie nini ntoto wangu kwa maneno hayo? Nimwambie punguza?"

"Si useme kikwenu, uteke debe? Mimi nitakutekea."

"Debe siliogopi, baba Mwanawetu." Aliokota punje za ufuta zilizomwagika. "Kaka kasema tumemvuruga. Nani kamsemesha zaidi kuliko mimi? Tangu yuko mgongoni namsemesha. Nikisema tena kikwetu, nikamvuruga tena, Ijumaa wamchukue, nitajua ni mimi. Afadhali ninyamaze siku saba kuliko kukaa miaka bila yeye."

Lukumani hakuwa na neno kwa Kiswahili. Alisema kitu kwa Kimakonde, taratibu, mkono wake juu ya goti la mkewe. Mwamina hakukijua Kimakonde kingi lakini hicho alikielewa. Kisha mume akainuka mwenyewe, bila kushtakiwa na mtu, akachukua debe akaenda kisimani.

*

Ijumaa Halfani alifika baada ya sala, kanzu nyeupe imekunjwa mapajani kwa ajili ya baiskeli. Kwenye kiti cha nyuma alikuwa amefunga khanga mpya ya mtoto, na Mwamina alipoiona khanga ile alishika nguzo ya baraza, kwa sababu ilikuwa nzuri. Mtu ambaye hana nia ya kurudi na mtoto hanunui khanga nzuri namna ile.

Eustakio alimpokea mgeni mlangoni, akamweleza sheria ya debe kwa kirefu. Halfani alimsikiliza kama anavyosikilizwa fundi cherehani.

"Sheria yenu haiko juu yangu," alisema. "Mimi ni mgeni."

"Mgeni naye hunywa maji," Bi Biasha alisema chinichini.

Akawekewa kiti. Watu wote wakakaa isipokuwa Mwamina. Mwanawetu aliogeshwa mara tatu siku hiyo, maji yalikuwa tele, akapakwa mafuta mpaka akang'aa. Akasimama mbele ya mjomba wake, mgongo umeegemea debe.

"Mwanawetu," Halfani alimwita kwa Kiswahili, kwa upole. "Jina lako nani?"

Mtoto akamtazama ndevu.

"Mimi nani? Sema, mjomba."

Mtoto akanyonya kidole.

"Huyu je?" Akamwonyesha kuku. "Huyu anaitwaje? Si rafiki zako hawa?"

Mwanawetu akatoa hotuba fupi kuhusu kuku. Ilianza kwa kuuliza, ikapanda, ikashuka, ikamalizika kwa heshima. Lukumani alifumba macho. Bi Biasha alianza kusogeza tasbihi. Halfani alimpa muwa, akamnyang'anya kwa mchezo, akangoja aombe. Mwanawetu alinyoosha mkono, hakuomba. Jua likasogea. Mgeni akapiga mapaja yake kwa viganja, akasimama.

"Wote mmeona. Sina furaha nalo, lakini mmeona."

Halfani akamgeukia dada yake. Mwamina alikuwa amesimama kwenye nguzo ya baraza, hatoi hata machozi, na uso huo ulimrudisha Halfani mbali, siku za utoto Likunja alipokuwa akimbeba mgongoni kuvuka kijito. Ukali ukamtoka. Akamsogelea, akamwambia kwa Kimwera, kwa sauti ya ndani ya nyumba, asilie, akafunge nguo, mtoto hatapotea, atamletea kila mavuno.

"Debe!"

Watu walitazamana. Eustakio aliweka mkono kifuani kuonyesha kwamba si yeye. Lukumani alimtazama mama yake, mama yake akamtazama Serafina.

Mwanawetu alikuwa amesimama wima. Mkono mmoja ulikuwa kiunoni, kama Bi Biasha. Mwingine umenyooshwa, kidole kinamwelekea mjomba wake tumboni.

"Debe!" alisema tena, wazi, kwa hasira kidogo, kama mtu asiyependa kurudia.

"Kasema!" Lukumani alipiga kelele. "Kasema neno! Shemeji, neno hilo!"

Halfani aliketi. "Ngoja," alisema. "Ngoja kwanza. Kasuku naye husema. Mmempigia kelele hiyo wiki nzima, kaishika tu." Lakini sauti yake haikuwa na uhakika. "Kwa nini aiseme sasa? Nimekaa hapa saa nzima hajaisema."

"Saa nzima umesema Kiswahili," Serafina alisema.

Halfani akamtazama mtoto. Akamwinamia, akamwambia kwa Kiswahili, "Leo jua kali sana, eti?" Mwanawetu akarudisha kidole mdomoni. Akamwambia jambo lile lile kwa Kimwera.

"Debe!"

"Haa!" Bi Biasha aliruka kwa miguu yake ya miaka sabini. Akamwita mjukuu kwa Kiyao.

"Debe!"

"Na mimi! Na mimi!" Lukumani akasema jambo kwa Kimakonde.

"Debe!"

Eustakio akatupa kaptula aliyokuwa anaishona, akatoa Kimakua chake cha Masasi, naye akahukumiwa na mahakama aliyoianzisha mwenyewe. Kicheko kilipasuka uani mpaka kuku wakapanda mpapai. Mwanaima alikuja mbio kutoka nyumba ya chini na mwiko mkononi, akiuliza nani kafa.

Halfani alikuwa ameshika ndevu. Alikuwa na jaribio moja limebaki. Ujanani alikaa Liwale kutafuta nta, akaokota Kingindo, lugha ya huko. Hakuna mtu wa nyumba ile aliyekijua, na mtoto hakuwahi kukisikia tangu azaliwe. Alisema maneno machache, polepole. Mwanawetu aliinamisha kichwa upande. Aliyasikiliza mpaka mwisho.

"Debe," aliamua.

"Wallahi!" Halfani alisema.

Kila mtu alimgeukia mtoto kuona kama hilo nalo ni debe. Mwanawetu alifikiri. Akamtazama bibi yake na tasbihi yake. Akanyamaza kwa adabu.

Hapo Halfani akacheka. Alicheka mpaka kofia ikamwanguka, na Mwanawetu akaiokota akaivaa yeye.

"Huyu hakuvurugwa," alisema alipopata pumzi. "Sisi ndio tuliovurugwa. Huyu alikuwa anapanga. Kila lugha kaiwekea mahali pake, wenzangu, anajua mlango wa kila mmoja wenu, na mimi nakuja hapa na khanga!" Akapangusa macho. "Nimesema neno moja la binadamu, na neno limetoka. Ntoto atakaa kwa mama yake. Khanga ni yake, si ya safari."

Mwamina aliteleza kwenye nguzo mpaka chini.

"Na madebe?" Eustakio aliuliza. Hakimu ni hakimu.

"Madebe gani?"

"Moja la kumwambia dada yako. Moja la kumfanya ntoto arudie hukumu. Moja la jua kali. Moja la hicho cha mwisho ambacho sijui ni nini. Manne."

Halfani alitazama kanzu yake nyeupe. Alitazama watu. Alimtazama Mwanawetu, ambaye alikuwa analisukuma debe kwa mikono miwili kuelekea miguuni pake, na hakuonyesha dalili ya huruma. Mjomba mwenye neno la mwisho akainama, akaliokota.

Alirudi baadaye amelowa mpaka kifuani, tope magotini, na debe la kwanza kichwani likiwa nusu, nyuma yake wanawake wa kisimani wanasindikiza kwa vigelegele kana kwamba wanamleta bwana harusi. Alipolitua, maji baridi yalimmwagikia mgongoni, akapiga ukelele wa Kimwera.

"Debe!" watu wote uani walisema, na Mwanawetu wa kwanza.

*

Mwamina alikuwa bado amekaa chini. Mtoto akamwendea, kofia ya mjomba imemfunika macho. Mama akaivua. Akamshika mashavu. Akafungua mdomo, akasita, akamtazama kaka yake.

"Sema, dada," Halfani alisema.

Basi akasema. Siku saba zote zilimtoka kwa mara moja, kwa Kimwera cha Likunja: alivyo mzuri, alivyomwogopesha, masikio yake ya baba yake, jino lake lililopinda, mama mkubwa aliyefariki kabla ya kumwona, nani alimpa akili hizi, nani, nani. Machozi yalimshuka na hakuyafuta. Mwanawetu alimsikiliza mdomo wazi. Hakumkatiza. Alingoja mpaka mama yake akaishiwa pumzi, ndipo akanyoosha kidole, taratibu, akamgusa nacho kidevuni.

"Debe, mama," alisema.

Mwamina akacheka na kulia pamoja. "Ndiyo, mwanangu. Langu hilo." Akainuka, akamtia mtoto mgongoni, akamfunga kwa khanga mpya. Lukumani akataka kulichukua debe, akamkatalia. Akajitwika mwenyewe, akashika njia ya bondeni.

Waliobaki uani waliwasikia wakishuka. Mama anasema Kimwera, kwa sauti kubwa, bila kupumzika, jambo hili na lile. Na nyuma yake, kila baada ya sentensi, sauti ndogo ikihesabu faini: debe, debe, debe. Bi Biasha alijaribu kufuata hesabu kwa tasbihi yake, lakini sauti zilikwenda mbali.

Walipofika kisimani walikuwa wanadaiwa madebe arobaini na moja.